Ringi Iliyobaki Mazeras

Benchi la Magongo lilikuwa ubao mmoja mpana wa mvule, umelazwa juu ya madebe mawili yaliyojazwa saruji, mbele ya duka la Bwana Barakat, unatazama barabara ya Nairobi. Changamwe nzima ilijua kwamba shauri lililowashinda wazee lipelekwe pale. Si kwamba lingeamuliwa, ila wenye shauri wangechoka wenyewe na kwenda zao. Wakaaji wake wa kudumu walikuwa watatu. Aidarus aliitwa Tali, kwa kuwa alihesabu magunia bandarini Kilindini miaka thelathini na hakuacha kuhesabu hata alipostaafu. Aqil, fundi cherehani, aliitwa Futi, kwa ule utepe wa kupimia uliokaa shingoni mwake hata mazikoni. Ngowa aliitwa Reli, maana alifanya kazi ya kuunganisha mabehewa stesheni ya Changamwe, na kila jambo la duniani alilipitisha stesheni kwanza. Kahawa ilikuwa ya Thoya, ambaye alitua dele lake la shaba hapo kila baada ya sala ya adhuhuri na kuondoka likikauka.

Alhamisi ile, mwaka wa 1961, shauri lilikuwa magurudumu matatu makuukuu yaliyolala mavumbini mbele ya benchi, na mwenye shauri alikuwa Garama.

Garama alikuwa dereva wa wiki tatu. Kabla ya hapo alikuwa taniboi miaka saba, akining'inia nyuma ya malori ya watu, akipakia nazi na kupakua saruji, mpaka Bwana Barakat alipomwona ana cheti cha udereva mfukoni na hana gari, akampa kombi yake aiendeshe. Asubuhi ya siku ile alikuwa amembeba Bi Suad, mama yake Bwana Barakat, kumpeleka Mariakani kwa ndugu yake. Hawakufika. Walipofika Mazeras gurudumu la mbele lilikwisha kazi, na kombi ikabaki kando ya barabara juu ya mawe, mbele ya duka moja, na Bi Suad ndani yake. Mke wa mwenye duka alimsihi mama huyo ashuke aingie ndani. Bi Suad akasema alitoka nyumbani kwa gari la mwanawe na atarudi kwa gari la mwanawe. Alipotajiwa basi alifunga kioo. Tangu mabasi yaanze kupita Changamwe, Bi Suad hakuwahi kutia mguu wake ndani ya basi hata moja.

Kwa hiyo Garama alipanda basi peke yake, akaja kwa tajiri wake, akamweleza. Ringi ilikuwa na ufa wa zamani, tajiri, akamwambia. Imechoka, ikajiachia yenyewe. Gurudumu la akiba lenyewe ndilo lile lile lililokuwa likitumika tangu mwaka uliopita, kwa hiyo hapakuwa na jingine.

Bwana Barakat akasema neno ambalo Garama aliendelea kulisikia masikioni mchana kutwa:

— Dereva asiyelijua gurudumu la gari lake si dereva. Ni abiria aliyekaa mbele. Nenda kachague mwenyewe.

Mwenye vyuma chakavu, nyuma ya soko la Magongo, hakuwa na ringi ya kombi aliyoijua kuwa ya kombi. Alikuwa na tatu ambazo huenda mojawapo ikawa: nyeusi, ya kijani na nyekundu, kila moja na tairi lake kuukuu. Alimruhusu Garama azitoe nje akazitazame mahali penye mwangaza, kwa sharti kwamba kufikia saa kumi atachukua moja na kurudisha mbili, kwani jioni hiyo alikuwa na safari ya Voi na hangerudi kabla ya mwezi kuandama. Saa kumi ndipo basi la Mariakani linapopita. Garama akaziviringisha moja moja mpaka benchini, na hilo lilikuwa kosa lake la pili siku ile.

— Ilikuwa na matundu mangapi, ile yako? akauliza Ngowa.

— Matano, akasema Garama.

— Basi hii nyekundu itoe. Ina sita.

Aidarus akainua kidole. Alisema Ngowa asiwe mwepesi wa kutoa. Sita ni tano na moja ya akiba. Bandarini hakuna aliyekataa shehena kwa kuwa imezidi, hukataliwa iliyopungua.

— Yakhe, kanzu ina vitundu vitano vya vifungo, wewe unaleta vifungo sita, akasema Aqil. Hicho cha sita utakifunga puani?

— Wahenga wamesema akiba haiozi.

— Wahenga hawakuwa na kombi.

Ringi nyekundu ikabaki mavumbini ikiwa haijatoka wala haijaingia, na Thoya akamimina mzunguko wa kwanza. Bwana Barakat alitoka dukani akaketi mwisho wa benchi, akapokea kikombe chake. Garama alijua kwamba yule bwana hakutoka kwa ajili ya kahawa.

Sasa zikabaki mbili zenye matundu matano, nyeusi na ya kijani. Zilifanana, ila matundu ya nyeusi yalitawanyika zaidi, na ya kijani yalikaa karibu karibu. Ngowa akasema hapo ndipo penye kazi. Si idadi tu, ni mwachano. Tundu likikosa bolti kwa upana wa ukucha, gurudumu halifungi, na ukililazimisha litafunga leo lichomoke kesho huku linakutazama. Alisema kweli tupu, na kwa hiyo hakuna aliyemsikiliza.

— Ulipima? akauliza Aqil, mkono uko kwenye utepe wake.

— Nilipima.

— Kwa futi?

— Kwa tasbihi, akasema Garama.

Hakulibuni hilo. Alipolitoa gurudumu, Bi Suad aliteremsha kioo akamwambia apime asije akamletea sufuria, akamshushia tasbihi yake dirishani. Garama akaishikilia juu ya chuma, Bi Suad akahesabu mwenyewe kutoka tundu moja hadi mwenzake: punje ishirini na nne. Kisha akaivuta tasbihi yake ndani, kwa kuwa hakuwa amemaliza uradi. Garama aliandika ishirini na nne kiganjani kwa kalamu ya mwenye duka, na hiyo ndiyo mizigo yote aliyokuja nayo mjini.

Benchi lilifurahi. Hesabu ilikuwa imepatikana, na kila mtu pale alikuwa na tasbihi, ukimwondoa Ngowa, ambaye alikuwa Mkristo wa kanisa la Rabai. Aidarus akatoa yake ya kokwa za tende, akailaza juu ya ringi nyeusi na kuhesabu kwa sauti ya bandarini. Ishirini na nne zikatoka nje ya ringi, zikapanda juu ya tairi. Akatangaza kwamba ringi nyeusi ni ndogo, ya kijani ni ndogo zaidi, na gari la Bwana Barakat linahitaji gurudumu la trekta. Aqil akatoa yake, ya punje ndogo ndogo kama mtama, aliyoletewa na mkwewe kutoka Makka. Ishirini na nne zikafika barabara kwenye ringi ya kijani.

— Hii hapa, akasema Aqil. Imekaa kama shati la Idi. Mchukulie huyu mama gurudumu lake.

— Imekaa kwa tasbihi yako, akasema Ngowa. Bi Suad ana yake. Punje zake zina ukubwa gani?

Wote wakamgeukia Garama. Garama akajaribu kukumbuka. Zilikuwa za kahawia. Zilikuwa na harufu ya udi. Ukubwa wake ulikuwa wa punje ya tasbihi. Aidarus akauliza kama ni ya punje thelathini na tatu au tisini na tisa, kwa kuwa zenye punje chache huwa na punje nene, na Garama akasema hakuihesabu, ni ya mwenyewe. Ndipo likaja wazo la kumwuliza mwanawe. Bwana Barakat alikunywa fundo moja, akajibu kwamba mama yake ana tasbihi nne na kila siku huchukua ile ambayo moyo umempeleka.

— Tena kuna jingine, akasema Ngowa. Alipima kutoka tundu lipi hadi lipi?

— Hadi mwenzake, akasema Garama.

— Mwenzake wa jirani, au mwenzake wa ng'ambo?

— Wa ng'ambo. Lile linalotazamana nalo.

Ngowa akachukua kijiti akachora mchangani. Matundu manne, alisema, kila moja lina wa kutazamana naye. Sita vile vile. Matano hayana. Alimwita Garama aje aone, na Garama akainama juu ya ringi nyeusi, akaweka kidole kwenye tundu moja, akakivusha katikati mpaka upande wa pili. Kidole kikatua kwenye chuma kitupu, katikati ya matundu mawili. Akajaribu tundu la pili. Akajaribu na la tatu. Alikumbuka waziwazi kwamba Bi Suad alihesabu hadi tundu, na tundu lenyewe sasa hakujua lilikuwa lipi kati ya hayo mawili, wala kama halikuwa lile la jirani.

— Basi ilikuwa na sita, akasema Aidarus kwa upole. Nilisema mimi tangu mapema. Ile nyekundu irudi.

Mzunguko wa pili wa kahawa ulikwenda kwenye suala la joto. Aidarus alieleza kwamba chuma hupumua. Gunia la chumvi hupungua uzito kiangazi. Chuma, kinyume chake, huvimba. Garama alipima saa tano ya mchana, juu ya lami, huko Mazeras ambako ni mlimani na jua liko karibu. Hapa Changamwe kuna upepo wa bahari. Ringi ile ile ikiletwa hapa ingesinyaa kwa punje mbili, na kwa hiyo ishirini na nne ya kule ni ishirini na mbili ya hapa. Aqil akamwunga mkono lakini akamzidi. Nguo ya mtoto, alisema, hukatwa kubwa na kuachiwa mshono wa ndani ili aikulie. Ichukuliwe ringi yenye tundu kubwa la katikati, kisha ishindiliwe bitana ya ngozi ya mbuzi kukizunguka kitovu cha gurudumu, na gari likizoea ngozi inatolewa.

— Hujaona gari likikua, Futi, akasema Ngowa.

— Na wewe hujaona likirudi udogoni.

Ngowa akatupa kijiti. Alijaribu tena kuwaambia jambo la maana: waangalie tumbo la ringi, lile bonde la katikati, limeingia ndani kiasi gani. Hata bolti zikikaa, tumbo likiwa limetoka sana tairi litaota nje kama masikio, na likiwa limezama sana tairi litasugua chuma cha ndani kila ukikata kona. Lakini kwa kuwa alikuwa Reli hakuweza kuishia hapo. Akaendelea kwamba kwa hiyo magurudumu ya mbele yabadilishwe mawili pamoja, kama ya behewa, na kama hayabadilishwi basi hilo moja litakuwa la taifa lingine. Kombi ni ya Kijerumani. Ringi ya kijani, kwa rangi yake tu, ni ya Kiingereza. Gari lenye miguu mitatu ya Kijerumani na mmoja wa Kiingereza halitakubaliana na nafsi yake. Litavuta kushoto, na ukiliachia usukani litakupeleka mpaka kwa Dii-Sii, Mwingereza wa wilaya.

— Uhuru ukija, akasema Aidarus, hayo yatakwisha. Ringi zote zitakuwa na kipimo kimoja.

— Cha Nairobi? akauliza Aqil. Sisi hapa pwani tuna bendera yetu, ya Sultani. Tutabaki na matundu matano yetu.

— Matano au sita, akasema Thoya, ambaye hakuwa ameulizwa.

Hapo wakaliacha gurudumu wakaenda na siasa robo saa nzima, kila mmoja akihesabu matundu ya serikali aliyoitaka. Garama alikaa chini mavumbini kati ya ringi zake tatu, na kwa mara ya kwanza tangu asubuhi akapumua. Alikuwa akiogopa. Hakuogopa kelele zao. Aliogopa swali moja dogo ambalo mtu yeyote mwenye akili timamu angeliuliza mwanzo kabisa, na ambalo watu wale, kwa rehema za Mungu, walikuwa wamelipita mara kumi kwa jinsi walivyopenda maneno yao. Swali lenyewe ni hili: ile ringi mbovu iko wapi?

Ilikuwa kichakani, Mazeras. Aliiviringisha huko mwenyewe pamoja na tairi lake lililochanika, akaisukuma kwa mguu hadi majani yakaifunika. Angeweza kuibeba. Taniboi aliyebeba saruji miaka saba hashindwi na gurudumu moja. Lakini mtu akiiona ringi ile hamwambii habari ya ufa wa zamani. Ilikunjwa upande mmoja kama mkate wa mofa, na alama ya jiwe ilikuwa juu yake, mbichi.

Jiwe hilo alilipanda kwa sababu hakuwa akitazama mbele. Palikuwa na mzee mmoja amekaa barazani kwake, anaitwa Ruwa, na mzee huyo ana binti anayeitwa Dhahabu. Mara mbili Garama alipeleka washenga. Mara mbili Ruwa aliwarudisha na jibu moja, kwamba hatoi binti yake kwa kijana anayening'inia nyuma ya magari ya watu. Basi asubuhi ile Garama alipofika pale ameshika usukani, na mama wa Kimvita amekaa nyuma yake kwa heshima zake zote, alipiga honi mara mbili na kutoa mkono mzima dirishani akaupunga. Alitaka aonekane. Nadhani hakuna kijana ambaye hangetaka. Alionekana vizuri sana.

Na sasa kama Bwana Barakat angejua, kombi ingempata mwingine, na Dhahabu vile vile.

— Hebu, Garama, akasema Ngowa ghafula, siasa imemchosha. Ningeiona ile yenyewe kwa dakika moja tu...

Garama akainamia ringi nyeusi, akaifuta vumbi.

— Kuona si kupima, akamkata Aidarus. Mimi nimeona magunia miaka thelathini. Jicho ni mwongo. Na kama gari liko juu ya mawe huko, wahenga wamekwisha sema: aliye juu mngoje chini.

— Hiyo ni ya watu wenye makuu, akasema Aqil. Si ya kombi.

— Kwani iko juu au haiko juu?

Wakaanza hilo. Ngowa akasahau alichotaka kusema. Lakini Garama alipoinua uso alikuta Bwana Barakat anamtazama juu ya kikombe, na macho hayo hayakuwa yamekwenda kwenye siasa wala kwenye methali.

— Saa tisa na nusu, akasema Bwana Barakat. Umechagua ipi?

Garama alizitazama. Mchana wote ule ulikuwa umemwacha na elimu ndogo kuliko aliyokuja nayo. Asubuhi alijua walau kwamba matundu ni matano. Sasa hata hilo hakuwa na hakika nalo. Akiichukua ya kijani na isikae, hakuna kuirudisha. Akiichukua nyeusi, vivyo hivyo. Mama wa watu atalala Mazeras garini. Akaweka mkono juu ya nyeusi, kisha akauondoa, akauweka juu ya ile ya kijani.

— Hiyo, au unaipumzishia mkono? akauliza Bwana Barakat.

Kabla hajajibu, basi likapunguza mwendo mbele yao. Halikuwa la kwenda Mariakani. Lilikuwa linatoka huko, linateremka mjini. Utingo akaruka chini, akaweka kreti ya soda iwe ngazi, akatoa mkono kwa adabu ambayo mabasi ya barabara ile hayakuzoea. Ukatoka mguu mmoja wenye kiatu cheusi cha ngozi. Likatoka buibui. Akashuka Bi Suad.

Benchi zima likasimama. Vikombe vikawekwa chini, kofia zikanyooshwa. Bwana Barakat alivuka mavumbi kwa hatua tatu, akaubusu mkono wa mama yake, na alipouliza lililompata hata apande basi, sauti yake ilikuwa ya mtoto.

— Sina neno, mwanangu. Niketishe kwanza.

Wakampisha benchi lote. Shikamoo zikamwagika, naye akazipokea moja moja, marahaba, marahaba, mpaka akafika kwa Garama, ambaye alikuwa amesimama nyuma ya ringi zake kana kwamba zingeweza kumficha. Thoya akaliinamisha dele kumtilia kahawa. Likatoa nusu kikombe, likakauka. Bi Suad alikinywa chote bila haraka. Hakuzitazama ringi hata kidogo.

— Gari nimeliatia mzee moya, akasema. Mtu muungwana sana. Aliniona nimeketi peke yangu, akaya akaniamkia, akaniletea dafu. Ruwa, jina lake. Atalilinda hata usiku kucha, kasema.

Bwana Barakat akamshukuru Mungu kwa niaba ya wote.

— Tukazungumza. Kaniambia alimwona Garama akimpungia mkono, ndipo gari likapanda jiwe. Nami nlijua ni jiwe, kitwa changu kiligonga paa. Kaingia kitakani akaitoa ile ringi, akaiegemeza mlangoni pangu. Ilivyokunjika, subhanallahi.

Aidarus alianza kuhesabu punje za tasbihi yake moja moja, bila sauti. Garama aliona aibu kubwa kiasi kwamba alitamani mtu ampige kofi ili apate jambo jingine la kuhisi. Akamgeukia Bwana Barakat kabla hajageukiwa.

— Haikuwa na ufa, tajiri. Ni mimi.

Bi Suad akainua mkono kidogo, maana alikuwa hajamaliza, na hakupenda kukatwa.

— Sikupanda basi kwa ajili ya ringi, akasema. Nimepanda kwa kuwa yule mzee aliniuliza neno, nami sikuwa na la kumwambia, na mtu aliyekunywesha dafu lake huwezi kumnyamazia. Kaniambia, Bi Suad, mimi nina binti. Huyu Garama wenu, ni dereva, au ni taniboi?

Akamtazama mwanawe, kisha Garama, kisha benchi lote, anangoja kwa dhati, kwa kuwa alidhani mahali penye wanaume sita patakosekana jawabu vipi.

— Nende nikamjibu nini? akauliza.

Aqil alishika utepe wake akauachia. Ngowa alifungua kinywa, na kila mtu akajua stesheni inakuja, lakini akakifunga. Aidarus, ambaye katika miaka yote ya benchi lile hakuwahi kukosa methali, alitikisa kichwa tu. Thoya akageuza dele juu chini kuonyesha kwamba kweli limekwisha, ingawa hakuna aliyemwomba kahawa.

Bwana Barakat alikuwa akimtazama Garama kana kwamba anasoma maandishi madogo. Alikaa hivyo mpaka honi ya basi la Mariakani ikasikika upande wa chini wa barabara. Hapo akamwambia Ngowa amsindikize mama nyumbani, akamwambia Aqil azirudishe ringi zote tatu kwa mwenyewe kabla hajaondoka, akavaa viatu vyake vilivyokuwa mlangoni pa duka.

— Nitakwenda kumjibu mwenyewe, akasema. Panda.

Garama akapanda, mikono mitupu. Kondakta aliwapa kiti kimoja cha watu wawili, Bwana Barakat dirishani, Garama pembeni. Benchi lilibaki limesimama mpaka basi likapotelea kwenye mteremko wa Miritini. Kutoka hapo hadi Mazeras ni nusu saa, na nusu saa nzima bega la Garama liligusana na bega la tajiri wake kila penye kona. Mara tatu alikusanya ulimi amwulize atamwambiaje yule mzee. Mara tatu aliona kwamba yeye mwenyewe, angeulizwa, hajui angesema nini. Bwana Barakat naye alitazama nje, anasogeza midomo kidogo kidogo, kama mtu anayejaribu maneno mawili na hajaamua ni lipi linalokaa.